Sikio la Kamera

"Dakika tatu," Inspekta Mkuu Wangechi alisema. "Zikiisha ufungue. Kabla ya hapo usiguse mlango, hata ukisikia nalia."

Koplo Kimanzi aliutazama mlango, kisha akamtazama mkubwa wake. Ulikuwa mnene kama godoro, bati nje na bati ndani, katikati sponji ngumu ya kuzuia joto lisiingie. Zamani, jengo hili la Eneo la Viwanda la Thika lilipokuwa kiwanda cha maji ya matunda, chumba hiki kilikuwa cha kuwekea mapipa ya juisi ya nanasi yasiharibike. Sasa mitambo ya baridi ilikuwa imeng'olewa, na chumba kilikuwa kimegeuzwa chombo cha angani.

"Na mimi nifanye nini hizo dakika tatu?" Kimanzi aliuliza.

"Usikilize. Nikitoka uniambie umesikia nini."

Wangechi akaingia. Mlango ulijifunga nyuma yake taratibu, kwa sauti ya mpira unaobanwa, na mara moja sauti zote za Thika zikakatika: malori, jenereta ya jirani, muuza miwa aliyekuwa akibishana na mtu getini. Aliwasha tochi. Mbele yake kulikuwa na meza ya rubani iliyoundwa kwa vifuniko vya sufuria na rimoti kuukuu za televisheni, vyote vimepakwa rangi ya fedha. Kwenye ukuta mmoja walikuwa wamebandika karatasi nyeusi iliyotobolewa tundu nyingi za sindano. Ukiweka taa nyuma yake, zilikuwa nyota. Kofia ya rubani, helmeti ya bodaboda iliyopakwa chokaa nyeupe, ilikuwa imechukuliwa kituoni kama kielelezo.

Hapa ndipo Absalom Ndegwa alipofia Jumamosi iliyopita, mchana, kamera ikimtazama. Siku za kazi alikuwa fundi wa mashine katika kiwanda cha nguo. Siku za mapumziko alikuwa rubani wa *Chombo Kimya*, filamu ya kwanza ya Lynn Gachau, msichana wa Ruiru ambaye hakuwahi kuongoza hata tangazo la duka. Daktari hakuona jeraha wala sumu. Aliandika kwamba marehemu alikosa hewa, na kwamba vifundo vya vidole vyake vyote kumi vilikuwa vimechubuka.

Wangechi alipapasa ukuta karibu na mlango. Vyumba vya baridi vyote huwa na kitasa cha kusukuma kwa ndani, ili mfanyakazi asifungiwe. Mkono wake ulikuta ubao laini wenye vibonye vya bandia. Akaupiga mlango kwa ngumi. Akapiga tena, kwa nguvu, akaita jina la Kimanzi, akalia kwa sauti aliyoshangaa kuisikia ikitoka kwake. Sauti ilimrudia papo hapo, kama ya mtu aliyefunikwa blanketi. Alipoacha, alisikia mapigo ya moyo wake masikioni, na akajua kwamba hakuwa tena anafanya jaribio tu. Alikuwa anangoja kwa hamu mlango ule ufunguke.

Ulipofunguka alisubiri kwanza pumzi imkae sawa.

"Umesikia nini?"

"Dundu, dundu, madam. Kama jirani anatwanga kitu nyumba ya tatu."

"Maneno?"

"Hata moja."

Pembeni, karibu na rundo la nyaya, alikuwa amesimama Hiral, binti wa mzee Pravin mwenye jengo. Ndiye aliyeunda kila kitu mle ndani kwa mikono yake, na kucha zake bado zilikuwa na rangi ya fedha. Alikuwa ameombwa aje na funguo, na tangu afike hakuwa ametazama ndani ya chumba hata mara moja.

"Kitasa cha ndani kilienda wapi, Hiral?"

"Nilikitoa mimi." Alijibu haraka, kama mtu aliyekuwa akilingoja swali. "Kilikuwa kinaonekana kwa picha. Lynn alisema hakuna rubani anaendesha friji."

"Ukijua aliye ndani hataweza kutoka."

"Ndiyo nikakata kipande cha mbao, madam. Kilikuwa kinawekwa hapa chini, mlango usifungane. Tulikuwa na sheria moja tu kwa hii shuti yote. Mlango haufungwi."

"Jumamosi ulifungwa."

"Sikuwa hapa. Nilienda mjini kununua gundi. Nikirudi nikakuta wamemlaza hapo nje, Muriithi wa sauti anamkanda kifua, Lynn amesimama tu."

"Na ule moshi unaoonekana kwenye picha?"

Hiral alikunja mikono. "Barafu kavu. Ukimwagia maji moto inatoa moshi mzito, inatambaa kwa sakafu, inapendeza sana. Lakini hiyo moshi si hewa ya kupumua. Inajaa kutoka chini ikipanda, inafukuza hewa nzuri. Nilimwambia Lynn mbele ya Absalom: bakuli moja, na mlango wazi."

"Sanduku la barafu tulilikuta tupu."

"Nililiacha limejaa."

Kimanzi alikuwa akiandika. Wangechi alikizunguka chumba kwa nje hadi kwenye tundu la bomba la zamani. Nyaya mbili zilitokeza hapo, na nafasi iliyobaki ilikuwa imezibwa kwa sponji ili mwanga usipenye.

"Hizi ni za nini?"

"Moja ni ya picha. Kamera ilikuwa inaachwa ndani peke yake, chumba ni kidogo. Lynn alikuwa anaona kwa skrini hapa nje. Hiyo ingine ni ya sauti. Inaenda kwa mashine ya Muriithi, na yeye anasikia kwa hedifoni."

"Hedifoni ni ngapi?"

"Moja. Kila kitu hapa kilikuwa kimoja. Muriithi ndiye anavaa, ama Lynn akitaka kusikia mwenyewe."

Garini, Kimanzi alisubiri mpaka wakaiacha barabara ya viwanda ndipo akasema lililokuwa likimkaa moyoni.

"Mimi naona ni huyu. Ametoa kitasa. Ameleta barafu. Saa ya kifo hayuko. Na babake alikuwa anataka hao watoto watoke, amepata mpangaji mwingine."

"Mzee Pravin aliwapa mpaka mwisho wa mwezi, na Jumamosi alikuwa harusini Nairobi na nusu ya ukoo wake. Tumezungumza nao."

"Sisemi mzee. Nasema msichana."

"Msichana ametuonyesha jinsi kila kitu kilivyofanya kazi, hata yale tusiyomuuliza." Wangechi alifungua dirisha lote, ingawa vumbi lilikuwa linaingia. "Nje ya ule mlango walikuwa watu wawili. Mmoja anaona, mmoja anasikia. Twende kwa huyu anayesikia."

*

Muriithi aliishi Gatongora, upande wa Ruiru, katika chumba kimoja cha orofa ya chini nyuma ya duka la mbao. Alikuwa ameliziba dirisha kwa godoro na kuta kwa mablanketi ili awarekodi waimbaji wa kanisa humo ndani. Hapakuwa na pa kukaa ila kitandani na kwenye kiti kimoja. Muriithi alipofunga mlango, Wangechi aliuona mkono wake mwenyewe ukienda kwenye kitasa.

"Uache wazi," alisema. "Pole kwa msiba."

"Asante, madam."

Alikuwa kijana mwembamba, macho mekundu, na alizungumza akitazama sakafu.

"Absalom mlijuana wapi?"

"Tumesoma darasa moja. Mimi ndiye nilimleta kwa Lynn. Hakuwa ameigiza tangu shule. Niliwaambia, huyu jamaa ana sura ya mtu mpweke."

"Nieleze Jumamosi."

"Ilikuwa sini ya mwisho. Rubani anaishiwa na hewa, anapiga mlango anaomba watu wa duniani wamfungulie. Tulikuwa tumeirudia asubuhi yote, teki baada ya teki, haikuwa inakubali. Halafu tukaenda tena."

"Mlango ukafungwa."

"Mwanga ulikuwa unaingia hapo kwa ufa. Lynn akasema tufunge hiyo moja tu."

"Na barafu yote ikamwagwa."

"Moshi ulikuwa unaonekana kidogo."

"Hedifoni ulikuwa nazo wewe."

"Mimi. Muda wote."

"Ulisikia nini?"

Alivuta pumzi. "Betri ya maiki ilikufa kabla hajaanza kupiga mlango, kwa hivyo hiyo teki haina sauti."

 Sentensi ile Wangechi aliifahamu. Alikuwa ameiandika kwa mkono wake siku ile ile ya kifo, neno kwa neno, lakini ikitoka mdomoni mwa Lynn.

"Maiki ikifa katikati ya sini, kazi yako ni kufanya nini?"

"Kusema. Wanasimamisha."

"Ulisema?"

"Lynn alikuwa amesema hii tusisimamishe kwa sababu yoyote."

"Sikuulizi alichosema Lynn. Nauliza kama ulifungua mdomo wako."

 Nje, msumeno wa duka la mbao ulianza kulia, na hapo Muriithi akainua macho kwa mara ya kwanza, kama aliyepata pa kujificha. Wangechi alingoja mpaka ulipoacha.

"Kile kiboksi cha maiki, cha kuvaa kiunoni, ulitukabidhi wewe. Betri yake ilikuwa imekufa kweli. Ulikitoa saa ngapi mwilini mwa Absalom?"

"Sikumbuki. Tulikuwa tumechanganyikiwa."

"Na kabla hujakitoa, kilikuwa kinawaka?"

"Kilikuwa kimekufa, madam. Nimekwambia."

Alimwacha Kimanzi na askari mwingine wa kituo cha jirani wabaki naye, wachukue mashine yake ya kurekodia. Akarudi Thika peke yake, madirisha yote yakiwa chini.

*

Kompyuta ya ofisi ya upelelezi haikuwa na spika. Kwa kuwa Lynn alikuwa amesema tangu Jumamosi kwamba teki ile haina sauti, hakuna aliyeona haja ya kuzitafuta. Picha yenyewe walikuwa wameitazama mara nyingi: mtu mwenye kofia nyeupe, moshi ukimfika magotini, akipiga mlango. Wangechi aliicheza tena, safari hii hakumtazama usoni. Alimtazama kiunoni. Pale, juu ya mshipi wa turubai, palikuwa na kitone cha kijani.

Alikitoa kiboksi cha maiki kwenye mfuko wa vielelezo, akatia betri mpya. Kitone cha kijani kikawaka. Akaitoa. Kikazimika.

Akarudi kwenye picha. Rubani alianguka kwa magoti, akaivua kofia, akawa Absalom. Kijani kilikuwa kinawaka. Alisimama akishika ukuta, akateleza. Kijani. Moshi ulipomfunika kiuno, mwanga ule ulionekana bado, hafifu, kama sigara kwenye ukungu.

Alimwomba karani wa mapokezi spika ndogo za redio yake, kisha akaagiza Lynn Gachau aletwe.

Lynn alikuja na nguo zile zile alizovaa Jumamosi, au zilizofanana nazo. Alikaa wima. Mamake alikuwa amemsindikiza, akaambiwa angoje kwenye benchi la nje, na kikohozi chake kilisikika kupitia mlangoni.

"Nataka unisaidie," Wangechi alisema. "Mimi si mtu wa filamu. Sauti ya rubani ilikuwa inaingia wapi?"

"Kwa mashine ya Muriithi. Baadaye unaichukua unaipachika kwa picha."

"Na mashine ya Muriithi haina teki hiyo."

"Betri ilikufa."

Wangechi aligeuza kioo cha kompyuta, akaweka kidole kwenye kitone cha kijani.  Lynn alikitazama kwa muda mrefu.

"Hiyo taa inaweza kuwaka na maiki haifanyi kazi," alisema mwishowe.

"Pengine. Mtaalamu ataniambia. Swali langu ni jingine. Hii kamera yenyewe haina sikio lake?"

Lynn alilamba midomo. "Iko nalo. Lakini ni ya kulinganisha sauti na picha tu, hakuna mtu hutumia. Ni kelele."

"Basi tusikilize hizo kelele."

Alichomeka waya wa spika taratibu, kwa sababu hakuwa na hakika na tundu lake, na huku akihangaika nao Lynn alisema haraka:

"Madam, kama aliita jina la mtu, hiyo haimaanishi huyo mtu alijua ni ukweli. Waigizaji hufanya hivyo. Wanaongeza maneno yao."

Wangechi aliuacha waya.

"Nani aliitwa jina?"

 Nje mama yake Lynn alikohoa, akatulia.

"Nimesema *kama*."

"Umesema maiki ilikufa. Umesema hakuna mtu hutumia sauti ya kamera, na kamera yenyewe tunayo sisi tangu Jumamosi. Kwa maneno yako, hakuna aliyesikia humo ndani. Sasa mimi sijawasha hata spika, na wewe tayari unalitetea jina. Nani aliitwa, Lynn?"

Lynn aliugeukia mlango. Ulikuwa umefungwa, na mbele yake kulikuwa na askari wa kike. Akaurudisha uso.

"Kabla hujaendelea," Wangechi alisema, "ujue si lazima useme lolote. Utakalosema nitaliandika, na linaweza kusomwa mahakamani. Unaweza kumwita wakili, au mama yako akae nawe."

"Mama asiingie."

"Sawa."

"Cheza tu."

Wangechi alicheza. Kwanza palikuwa na mngurumo, kama upepo kwenye chupa, kisha ngumi kwenye bati. Kisha sauti ya Absalom, ndani ya kofia, ikisema maneno ya rubani: wito kwa dunia, namba ya chombo, ombi la kufunguliwa. Aliyasema vibaya, kama mtoto anayesoma ubaoni. Halafu kikohozi. Halafu kofia ikaanguka sakafuni, na sauti ikaja nyingine kabisa.

"Muriithi. Hii si mchezo. Sina hewa. Mwambie Lynn afungue."

Ngumi.

"Muriithi, si unanisikia."

Ngumi nyingi. Aliongea Kikuyu kidogo, akamtaja mama yake. Kisha, polepole, kwa heshima ya ajabu, kama mtu anayebisha hodi nyumba ya wakubwa:

"Lynn. Tafadhali. Nimeshindwa."

Wangechi alizima. Alihisi ile hewa nzito ya chumba cha baridi imemfuata mpaka ofisini, na ikambidi akohoe kabla hajauliza.

"Hedifoni zilikuwa na nani?"

"Muriithi alizivua akanipa. Aliniambia, sikiliza, huyu jamaa ananiita jina." Lynn alizungumza kwa sauti ya kawaida, karibu ya kazi. "Nikavaa. Madam, sijui kama utaelewa. Nilikuwa na huyo mtu wiki baada ya wiki na hakuna siku nilimwamini. Ni mtu mzuri, lakini kwa picha alikuwa ubao. Kila mtu aliyenisaidia alinisaidia kwa huruma. Hiral, Muriithi, hata babake Hiral. Walikuwa wananitazama wakijua itakuwa mbaya. Na hiyo dakika nikamsikia, na nikamwona kwa skrini, na kwa mara ya kwanza nikaogopa kama vile anaishiwa na hewa kweli."

"Alikuwa anaishiwa na hewa."

"Najua sasa."

"Alipomtaja Muriithi hukujua?"

"Nilijiambia hilo jina tutalikata. Tutaweka lingine."

"Muriithi alifanya nini?"

"Aliinuka kwenda kufungua. Nikamshika mkono. Nikamwonyesha hivi." Aliinua kidole kimoja, ishara ya kungoja. "Na yeye akangoja. Huyo hana hatia yoyote, madam, ni vile tu huwa ananisikiza mimi. Hiyo maneno ya betri ni mimi nilimpa, na nilimwambia afute sauti, aweke betri iliyokufa."

"Kisha Absalom akataja jina lako."

Lynn aliweka viganja vyote viwili mezani, akavitazama.

"Alisema tafadhali. Hakukuwa na tafadhali kwa hiyo skripti. Nikasikia imeingia hapa." Aligusa kifua. "Hapo nilijua. Sitakudanganya. Kuna sehemu yangu ilijua. Lakini ingine ilikuwa inasema, amalize tu, kidogo tu, hatuwezi kuipata tena. Nilikuwa nimesimama na sikuweza kusonga mbele wala nyuma. Ni kama ni mimi nilikuwa nimefungiwa."

"Hukuwa umefungiwa wewe. Mlango ulikuwa upande wako."

"Ndiyo."

Askari wa mlangoni alikuwa ameinamisha kichwa. Wangechi alivuta karatasi, akaandika tarehe, akaandika jina la msichana, kisha akaiweka kalamu chini kwa sababu lilibaki swali moja ambalo mahakama ingeliuliza, na mama yake Absalom pia.

"Ulisikiliza mpaka lini?"

"Mpaka aliponyamaza. Alikaa kimya vizuri sana, moshi ukamfunika. Ndivyo filamu inaisha, rubani ananyamaza. Nikangoja kidogo, mwongozaji huwa anangoja kidogo, ndio mhariri apate mahali pa kukata."

"Kisha?"

Lynn alimtazama moja kwa moja. Macho yake yalikuwa makavu.

"Kisha nikasema kata," alisema. "Ndiyo tukafungua."